Isale Kutoka Hounslow

“Linus, mama yangu yuko wapi?”

Linus alikuwa jikoni anamenya ndizi. Kisu kikasimama kwenye ganda. Hakugeuka.

“Mama gani?”

“Mimi nina mama wangapi?”

Haika alikuwa hajavua hata koti. Alitoka moja kwa moja kwenye mtihani wake wa mwisho wa unesi, ule ambao ukifaulu unaandikishwa kuwa nesi kamili Uingereza na unaacha kuogesha wazee kwenye nyumba za kulelea wazee. Miezi tisa alikuwa anausubiri. Aliwasha simu ndani ya basi, akiwa anakaribia Thornton Heath, akakuta meseji kutoka Moshi. Aliisoma mara nne akidhani imekosea njia. Sasa akaisoma kwa sauti.

“‘Pole sana dada Haika. Jana tumempumzisha mama salama, watu walijaa mpaka barabarani. Tumeambiwa umeshindwa kufika. Mungu akutie nguvu. Mama Aikande wa kwaya.’ Nimeshindwa kufika wapi, Linus?”

Linus akaweka kisu chini.

“Nilitaka nikuambie leo jioni. Shangazi yangu Restuta anakuja saa kumi na mbili, na wazee wawili wa umoja wa Wachaga. Ilikuwa uambiwe vizuri, ukiwa umekaa, mtu amekushika.”

“Kwa hiyo ni kweli.”

“Haika mpenzi...”

“Jibu.”

“Ni kweli. Alifariki Jumamosi. Presha. Kaka yako Zephaniah alinipigia.”

“Leo Alhamisi.”

“Najua.”

“Jumapili nilisema nataka kumpigia mama. Ukaniambia kadi ya simu imeisha.”

Linus alichukua ganda la ndizi, akaliweka tena.

“Ilikuwa imeisha?”

“Hapana.”

“Jana mchana wakati wanamzika, mimi nilikuwa wapi?”

“Haika, tafadhali.”

“Mimi na wewe tulikuwa wapi?”

“Croydon. Tulikwenda kula kuku. Nilitaka utulize akili kabla ya mtihani.”

“Nilicheka?”

“Usijifanyie hivyo.”

“Nakuuliza. Mama yangu anafukiwa udongo, mimi nilikuwa nacheka?”

Linus alifuta mikono kwenye suruali. Mtu wa miaka thelathini na sita, mbeba mizigo wa Heathrow mwenye mabega kama mlango, akaziba uso kwa viganja.

“Ulicheka,” alisema.

Haika akakaa chini palepale, kwenye sakafu ya jikoni, na koti lake.

Saa kumi na mbili kamili kengele ililia. Shangazi Restuta aliingia na khanga mbili begani na uso uliopangwa tangu kwenye treni kutoka Woolwich. Wazee wawili walimfuata wamevua kofia.

“Mwanangu Haika, habari za mtihani? Kaa basi kwenye kiti. Umekula?”

“Mmechelewa, shangazi.”

“Tumechelewa? Hata! Tumefika saa ileile.”

“Mmechelewa siku tano.”

Shangazi Restuta alimtazama Linus. Linus alitazama ndizi. Mzee mmoja akavaa kofia yake tena.

“Kumbe mmejua ninyi wote,” Haika alisema. “Woolwich mnajua, Hounslow mnajua. Jumapili kanisani watu wananiambia ‘jikaze, Haika’, nami nasema asante, nadhani ni mtihani. London nzima ya Wachaga imelia msiba wangu kabla yangu!”

“Ndivyo tunavyofanya, mwanangu,” shangazi alisema. “Mtu wa mbali haambiwi ghafla. Akianguka barabarani je?”

“Nianguke! Si ni mama yangu?”

Alivua pete ya uchumba. Ilikaza, akaitoa kwa sabuni ya vyombo huku wote wanamtazama. Akaiweka mkononi mwa shangazi.

“Mpe mwanao. Mwezi wa tano hakuna harusi. Sasa tokeni, nataka kulia.”

*

Zephaniah alipokea simu mlio wa kwanza.

“Pole, mdogo wangu.”

“Nani aliamua?”

“Familia.”

“Familia ni nani? Mimi si familia?”

“Haika, sikiliza. Passport yako iko Home Office. Uliniambia mwenyewe, ukitoka huko wakati wanashughulikia visa, faili linakufa. Ungekuja ungezika, halafu ungekaa hapa unamtazama nani? Mtihani umekwenda, visa imekwenda. Mama aliuza kahawa yake yote usome. Tulikulinda.”

“Mngeniambia, nichague mwenyewe.”

“Ungechagua kuja.”

“Ndiyo! Ningechagua kuja!”

“Basi ndiyo maana hatukukuambia.”

“Kaka, wewe una akili kweli?”

“Umekuwa Mzungu wewe. Huelewi tena mambo ya nyumbani.”

“Mzungu angepigiwa simu Jumamosi ileile, kaka. Mimi sikupigiwa kwa sababu ni Mchaga.”

Sauti ya mashine ikasema dakika zimebaki mbili.

“Nani alimwaga udongo kaburini kwa niaba yangu?” Haika aliuliza.

“Linus... yaani, tulimwomba Linus akupe pole...”

“Nimeuliza udongo.”

“Hakuna,” Zephaniah alisema. “Mchungaji alitaja jina lako, tukasimama kidogo, tukaendelea.”

*

Wiki ya kwanza Linus alituma meseji arobaini na moja. Wiki ya pili akatuma moja tu:

“Nimekosa. Sina neno jingine.”

Haikujibiwa.

Wiki ya tatu majibu ya mtihani yalifika kwa posta. Shangazi Restuta ndiye aliyempigia Linus.

“Amefaulu.”

“Asante Mungu! Amefurahi?”

“Ameiweka bahasha juu ya friji na kwenda kazini. Mwanangu, huyo mtu halii tena. Mimi naogopa zaidi asipolia.”

“Shangazi, nifanye nini? Sili. Jana nimepakia sanduku la watu wa Cairo kwenye ndege ya Toronto.”

“Kwetu mtu akifika hapo anafanya nini?”

Linus alijua. Kila mtoto wa mlimani anajua. Isale ni lile jani refu la kijani linalopandwa mpakani mwa kihamba, yaani shamba la ukoo. Ukimkosea mtu kosa ambalo maneno hayalifikii, unampelekea jani la isale lililofungwa fundo, ukiwa na mtu mzima wa kukusindikiza. Aliyeletewa isale hana ruhusa ya kukataa. Anaweza kulia, anaweza kukutukana kwanza, lakini mwisho wake lazima asamehe. Wazee walisema hata machifu wa zamani, mangi wa Machame na mangi wa Kibosho, waliochomeana migomba miaka na miaka, isale likipita kati yao mikuki inawekwa chini. Na Haika alikuwa wa Machame. Linus alikuwa wa Kibosho.

Alimpigia baba yake mdogo Kibosho. Isale likakatwa mpakani mwa kihamba cha ukoo, likafungwa kwenye gazeti na taulo la maji, likakabidhiwa kwa mama mmoja aliyekuwa anakuja London kumwona mwanawe. Linus aliomba ruhusa kazini, akasimama Heathrow, mlango wa wanaowasili, kwa saa tatu.

Yule mama alitoka na kitoroli, mikono mitupu.

“Wamelichukua, mwanangu.”

“Wamelichukua nani?”

“Forodha. Kijana aliuliza hii ni mboga? Nikasema si mboga, ni msamaha. Akaniangalia. Akasema mmea hauingii bila karatasi, akalitia kwenye pipa na soseji za watu.”

“Hukumweleza?”

“Kwa Kiingereza changu hiki? Isale nalisemaje kwa Kiingereza?”

Linus alitembea mpaka Hounslow kwa miguu. Hakujua kwa nini hakupanda basi. Kwenye barabara ya maduka kulikuwa na duka la Mzee Balwinder, Kalasinga mwenye kilemba cha bluu aliyezaliwa Kisumu, anayeuza mchele, unga wa ulezi, ndoo na maua ya kwenye vyungu. Nje ya mlango, kati ya ndoo na mifagio, Linus aliliona. Refu, la kijani, lina mstari wa njano katikati.

“Mzee, hili ni nini?”

“Dracaena. Watu ya ofisi wanaweka karibu na kompyuta. Haifi, hata ukisahau maji mwezi mzima.”

“Kwetu linaitwa isale.”

“Kwenu wapi?”

“Kilimanjaro.”

“Aa, jirani! Sasa kwa nini unalia mbele ya duka yangu, kijana? Wateja watafikiri nimekupunja.”

“Nimemkosea mchumba wangu.”

“Basi nunua rose. Hiyo nyingine ni ya mhasibu.”

“Ua la rose anaweza kulikataa, mzee.”

Balwinder alimtazama, akatazama chungu, akakuna ndevu.

“Na hii hawezi kukataa?”

“Hawezi.”

“Hapo sasa ni shida,” Balwinder alisema. “Mke yangu, kama ningempa kitu hawezi kukataa, angenitupa nayo dirishani. Lakini chukua. Jaribu.”

*

Jumamosi saa nane mchana Haika alifungua mlango akakuta shangazi Restuta, na nyuma yake Linus amevaa suti ya harusi ambayo haikufanyika, ameshika jani moja lililofungwa fundo.

Haika aliliona. Mkono wake ulibaki kwenye kitasa.

“Hapana,” alisema. “Hapana, Linus. Hilo hapana.”

“Mwanangu, tukaribishe ndani,” shangazi alisema. “Mwenye isale hasimami nje.”

Waliingia. Hakuna aliyekaa. Linus alipiga goti kwenye zulia.

“Haika, nimekosa kwako, kwa mama yako na kwa ukoo wenu. Nimeleta isale.”

“Umelitoa wapi?”

Shangazi alikohoa.

“La Kibosho lilichukuliwa uwanja wa ndege,” Linus alisema. “Hili nimelinunua Hounslow. Dukani kwa Kalasinga.”

“Nilimwambia,” shangazi alidakia, “nilimwambia mimi hili sijui kama linahesabika. Limekuzwa Uholanzi kwenye nyumba ya vioo! Halijawahi kuona mgomba. Lakini tutafanyaje? Pombe yetu ya mbege yenyewe tunapika kwa ulezi wa dukani. Sisi ni kabila dogo, Haika, kule ni mteremko mmoja wa mlima, hapa hatujai hata basi mbili. Tukiacha na hili, watoto wenu watakuwa nani? Watajibu Kiingereza, watazikwa popote, wataitwa weusi basi.”

“Shangazi, sina neno na jani. Jani ni jani.”

“Basi pokea.”

“Nitapokea. Lakini kwanza nitasema, na hamtanikatisha.” Haika alimgeukia Linus. “Umeninyima kumzika mama yangu kwa mila. Ndivyo tunavyofanya, mtu wa mbali haambiwi. Sawa. Sasa unakuja kunilazimisha nikusamehe, kwa mila ileile. Ndivyo tunavyofanya, aliyeletewa isale hakatai. Mimi katika hii mila nakaa wapi? Naambiwa lini nilie, naambiwa lini ninyamaze. Mlango wangu mimi uko upande gani?”

“Kaka yako aliniagiza,” Linus alisema kwa sauti ndogo. “Mimi mkwe mtarajiwa, namkatalia vipi?”

“Unamwambia ‘kaka, siwezi kulala kitanda kimoja na mtu ninayemficha kifo cha mama yake’. Hivyo tu. Ulikuwa unanitazama, Linus! Siku tano. Niliimba bafuni, unanisikia. Nilikuuliza mama atavaa gauni rangi gani kwenye harusi, ukaniambia zambarau!”

Linus aliinamisha kichwa mpaka kikagusa zulia. Mabega yale yote yakawa yanaruka kama ya mtoto.

“Niliogopa,” alisema. “Si kaka yako. Hiyo nimejisingizia. Niliogopa ukienda hutarudi. Faili litakufa, utabaki Machame, na mimi nitabaki hapa peke yangu na visa yangu ya mwanafunzi. Zephaniah aliponiambia nifiche, nilifurahi, Haika. Mungu anisamehe. Nilifurahi kwamba kuna mkubwa amesema.”

Shangazi Restuta akaweka mkono mdomoni. Hili na yeye alikuwa hajaambiwa.

Haika alikaa kwenye kiti, taratibu, kama mgonjwa.

“Asante,” alisema. “Hilo ndilo neno la kweli la kwanza tangu Jumamosi ile.”

Akanyoosha mikono yote miwili, akapokea jani.

“Nimekusamehe. Nalisema mbele ya shangazi. Sitakuombea mabaya, sitakusema vibaya kwa watu, ukifa nitakuja kukulilia. Isale limefanya kazi yake.”

“Oo, Mungu ni mwema!” shangazi alipiga kigelegele kimoja, kikakatika. Kwa sababu Haika hakuwa anatabasamu.

“Lakini isale linasamehe kosa, halifungi ndoa. Home Office wamenirudishia passport. Niliiomba mwenyewe, niliwaandikia wafunge faili. Naondoka Alhamisi.”

“Unaondoka kwenda wapi?” Linus aliuliza, bado amepiga magoti.

“Nyumbani. Kumwaga udongo.”

“Haika, unajua maana yake? Umefaulu! Umeshapata ulichokuwa unatafuta! Ukitoka sasa...”

“Najua maana yake, hata kabla sijakujua wewe nilikuwa najua kusoma barua. Ndicho nilichonyimwa, Linus. Kujua maana yake na kwenda.”

“Na mimi?”

“Wewe simama, zulia la watu linalowa.”

*

Alhamisi Linus alikuwa na zamu ya asubuhi. Alibadilishana na mwenzake, kisha akajikuta amekuja uwanjani vilevile, amevaa fulana yake ya njano ya kazini kwa sababu hakuwa na akili ya kuvaa nyingine. Alimkuta Haika kwenye foleni na sanduku moja.

“Nimekuja kubeba sanduku tu,” alisema.

“Lina magurudumu.”

“Basi nitalisukuma.”

Walisogea hatua tatu. Mbele yao familia moja ilikuwa inagombana juu ya kilo.

“Haika, jana nimepiga simu Home Office. Nimeomba warudishe passport yangu, wafunge faili langu la visa. Wamesema wiki tatu, labda nne.”

Haika aligeuka kwa mara ya kwanza.

“Nani amekuambia ufanye hivyo?”

“Hakuna.”

“Shangazi anajua?”

“Atanipiga. Hajui. Zephaniah naye sijamwambia.”

“Na shule? Na kazi? Wewe mwenyewe ulisema ukitoka hurudi.”

“Nilisema. Nimekaa na hilo siku nne. Bado naogopa, ukitaka kujua. Naogopa sana. Nikifika Kibosho watanicheka, miaka saba Ulaya na nimerudi na begi la mgongoni.” Alisogeza sanduku. “Sikuleta isale leo. Leo sina kitu cha kukulazimisha. Nakuuliza tu, unaweza kukataa. Nije?”

Foleni ilisogea. Dada wa kaunta aliita “next, please”. Haika hakusogea.

“Ungeniuliza hivyo siku ile,” alisema, na sauti yake ikavunjika katikati. “Ungenipigia tu, ‘Haika, mama amefariki, unataka kufanya nini?’ Tungelia wote. Pengine ningebaki, Linus. Umewahi kufikiria hilo? Pengine ningesema mama alitaka nifaulu, nikabaki, nikalia hapahapa mikononi mwako. Sasa hatutajua kamwe.”

“Hatutajua,” Linus alisema. Machozi yalikuwa yanamshuka waziwazi, watu wanapita, hakuyafuta.

“Next, please!”

Haika alisukuma sanduku kwenye mzani. Alitoa passport. Alijibu maswali, hana kisu, hana kimiminika, sanduku amepanga mwenyewe. Akachukua karatasi yake ya kupandia. Kisha akarudi pale Linus aliposimama.

“Njoo,” alisema. “Lakini sikiliza vizuri. Unakuja kama mfiwa, si kama mchumba. Hutakuja na wazee wala na mshenga. Utaingia mlangoni kwetu mwenyewe, utamwambia baba yangu kwa mdomo wako kile ulichoniambia kwenye zulia, kwamba ulifurahi. Yote, usipunguze. Kaka atakutoa nje, utakaa nje. Utalala chini na wanaume wengine, utapasua kuni.”

“Nitapasua.”

“Na hakuna ahadi. Nikishindwa kukutazama, utarudi Kibosho kwenu.”

“Na usiposhindwa? Nani wa kumwona juu ya ndoa? Baba? Zephaniah?”

Haika alivuta mkoba begani. Macho yalikuwa mekundu, lakini yalimtazama Linus usoni, bila kuhama, kwa mara ya kwanza katika wiki sita.

“Baba atasema ya msiba,” alisema. “Ya ndoa nitasema mimi.”

Akapita mlango wa ukaguzi bila kugeuka. Linus alibaki na fulana yake ya njano, na mzungu mmoja akamsogelea kumuuliza choo kiko wapi.